Maswali ya wasomaji: Hiyo viza ina jina la nani?

Haya jamani karibuni. Toleo lililopita niligusia kidogo tu habari za kazi za nje nikasema mwenye swali alete, mmenifurikia, kuna walioandika kama barua ya mahakamani na kuna waliotuma voisi za kulia tupu. Nimechukua machache yanayofanana na ya wengi, majina nimeyaondoa na maneno mengine nimeyakata maana ukurasa una mwisho. Ambae swali lake halimo asinune, zamu bado.

*Shikamoo dada. Niko Muheza, mdogo wangu wa kike ana miaka 23 kapata mchongo wa kazi za ndani Muscat, kuna mama mmoja Tanga mjini ndo anawaunganisha. Anasema mshahara riali 80, kula kulala kwa tajiri, tiketi juu ya mwajiri, sisi tutoe laki 4 na nusu tu ya vipimo na usumbufu wake. Ataingia na viza ya matembezi afu kule watambadilishia iwe ya kazi, mkataba atapewa akifika. Mama keshakubali na kakopa kikoba, mimi moyo unasita ila nikisema kitu mdogo wangu ananiambia namuonea wivu. Nifanyeje? – Dada mtu, Muheza*

Marahaba mdogo wangu. Kwanza usimtishe. Najua kinachokujia kichwani ni zile video za mabinti wamejifungia chooni wanalia, zipo na ni za kweli, ila mdogo wako nae anamjua binti wa mtaa wa pili aliyekwenda akarudi akamwezekea mama yake nyumba, na huyo nae ni wa kweli. Riali 80 ni zaidi kidogo ya dola 200, na hapo Muheza we mwenyewe unajua dada wa kazi analipwa ngapi. Ukianza na vitisho atakuona una roho mbaya na ataondoka bila kukuaga, halafu akipata shida hatakupigia wewe.

Muulize swali moja tu. Hiyo viza ina jina la nani?

Maana viza ya kazi ya Oman haianzii kwa mfanyakazi, inaanzia kwa mwajiri. Yeye ndo anaomba kibali kwa wizara ya kazi ya kwao, anaingia kwenye mfumo kama kafili, yani mdhamini wake, ndo viza inatoka ina jina la mdogo wako na inajulikana kaletwa na nani. Hata kama mfumo wenyewe wa kafili una ubaya wake, na unao, angalau kuna mtu wa kumshika shati. Viza ya matembezi haina hata hilo. Mdogo wako atahesabika mgeni aliyekuja kuangalia bahari, hana mwajiri hana mkataba, siku za viza zikiisha faini inahesabiwa kwa siku, na bosi akiamua kumrushia begi nje usiku hakuna karatasi hata moja inayoonyesha kuwa alikuwa anampikia na kumfulia. Na hiyo ya kubadilishiwa akiwa kule, mwishoni mwa Oktoba 2023 polisi wa Oman ambao ndo wanasimamia viza walitangaza kusitisha mtu kubadili viza ya matembezi kuwa ya kazi akiwa ndani ya nchi. Madalali wanalijua hilo vizuri tu. Huyo mama wa Tanga akikwambia yeye ana mtu wake uhamiaji kule, mjibu kwa upole, basi mama yangu huyo mtu wako atoe viza ya kazi sasa hivi mdogo wangu akiwa hapa hapa, kama yupo kweli haitamshinda.

Tuje kwenye ubaya wa kafili sasa. Zamani Oman ukitaka kuhama kwa tajiri mwingine lazima wa kwanza akuandikie barua ya kuridhia, kuanzia Januari 2021 hiyo barua imeondolewa kwa aliyemaliza mkataba wake. Ila mkataba ukiwa bado haujaisha ukatoka mlangoni bila kuruhusiwa, tajiri anaripoti kwamba umetoroka, na hapo mwenye kosa unakuwa wewe hata kama hujalipwa. Halafu ile sheria yao mpya ya kazi ya 2023 haiwahusu watumishi wa majumbani, hao wana kanuni zao za pembeni za waziri. Kwa hiyo ukisikia mtu anakusomea sheria ya Oman saa za kazi hivi likizo hivi, muulize ni ya wa dukani au ya wa jikoni.

Na hela. Tajiri wa kule anailipa ofisi ya kwao hela nyingi ili aletewe mtu, ofisi inamlipa dalali wa huku, na dalali anakuja kuchukua tena laki 4 na nusu kwa mama yako. Yani kalipwa pande zote mbili. Ndo maana mabinti wakisema nimechoka nataka kurudi wanajibiwa nirudishie hela yangu niliyokununulia, na kweli kabisa huyo tajiri anaona kanunua. Sasa ongeza deni la kikoba juu yake. Mi hilo deni linaniogopesha kuliko tajiri mwenyewe, binti mwenye deni nyumbani anavumilia hata pasipovumilika kwa sababu kila mwezi mama anapiga simu anaulizia marejesho. Mwambie mama aache kukopa kwanza, hiyo mnaiweza nyie hapo hapo leo.

Kama anaenda, aende na wakala mwenye leseni. Kwa bara muulizie TaESA, ile ofisi ya serikali ya huduma za ajira, au wizara ya kazi, Zanzibar wana utaratibu wao wizarani kwao, na ukishaonyeshwa leseni usipige namba iliyoandikwa kwenye hiyo leseni, nenda ofisini au tafuta namba ya wizara mwenyewe. Mkataba ausome hapa, sio kule, na uwe umepita ubalozi wetu wa Muscat. Kwenye mkataba wengi wanakimbilia mshahara tu, mi ningeangalia nyumba ni ngapi. Mabinti wengi wanachoshwa na hili, umeajiriwa nyumba moja lakini Jumatatu unasafisha kwa mama mkwe, Alhamisi kwa dada yake tajiri, Ijumaa ukoo mzima unakuja kula kwenu, mshahara ule ule. Iandikwe, nyumba moja, watu kadhaa, siku ya kupumzika, na simu yake anakaa nayo mwenyewe. Paspoti, viza na mkataba apige picha atume kwenye grupu la familia kabla hajapanda ndege, na wewe uandike jina kamili la mwajiri, mji na mtaa, maana ubalozi ukiupigia simu kusema tu mdogo wangu yupo Muscat kwa Mwarabu mmoja hawana pa kuanzia.

*Niaje Anti. Mi ni Mkenya niko Dammam, nilikuja 2022 na ejensi ya Nairobi. Kwa hiyo nyumba nilifanya miezi nane, miezi tatu hawakunilipa nikatoka. Saa hii mi ni kemboi (aliyetoka kwa bosi anajitafutia mwenyewe), nafanya kazi za masaa kwa nyumba tofauti na napata poa kuliko ile riyal 900, shida ni iqama (kibali cha kuishi) ilieksipaya, bosi aliniwekea huroob (ripoti kwamba nimetoroka) na paspoti alibaki nayo. Nataka kurudi nyumbani Disemba nione mtoto. Kuna jamaa anasema nimpe riyal 3,000 anipitishe tarhil (kituo cha kurudisha watu kwao) haraka. Ni ukweli? – Mama Boy, Dammam*

Usimpe. Kama anayo njia ya kweli akupitishe afu umlipe ukiwa Jomo Kenyatta umesimama kwenye foleni ya mabegi, uone kama atakubali. Hao jamaa wanachukua hela wanakuelekeza pale pale ambapo ungeenda mwenyewe.

Wewe sasa hivi una vitu viwili tofauti naona umevichanganya. Paspoti ni kitu kidogo, iliyobaki kwa bosi iache, ubalozi wa Kenya Riyadh unaweza kukupa hati ya dharura ya kusafiria na Mkenya yeyote aliyepita huko atakuambia nenda na kopi yoyote uliyonayo, hata picha ya kitambulisho. Kitu kikubwa ni huroob, kwa sababu hiyo iko kwenye mfumo wa jawazat, uhamiaji wa Saudia, na hutoki uwanja wa ndege mpaka isafishwe. Kuna kuondolewa na bosi mwenyewe, kitu ambacho kwa miezi tatu ya mshahara anayokudai hatakifanya kirahisi (samahani, unayomdai wewe, ila yeye ndo anavyojiona), au kupitia tarhil, uchukuliwe alama za vidole utolewe kama mtu wa kurudishwa. Ya pili inafanya kazi lakini ujue utafungiwa kuingia tena Saudia. Kama mpango wako ni kurudi nyumbani uone mtoto afu Februari ugeuze, kaa chini ufikirie upya kabla hujaenda kugonga huo mlango.

Kuna watakaokuambia mbona Saudia walibadilisha, mtu anahama kazi bila ruhusa ya bosi. Ni kweli, kuanzia Machi 2021, lakini watu wa kazi za ndani hawakuwemo. Madereva wa nyumbani hawakuwemo, watunza bustani hawakuwemo. Yani waliokuwa wanahitaji zaidi ndo wakaachwa nje, sijui nani alikaa akaona hiyo ni sawa. Msamaha wa waliopitiliza upo lakini unakuja kwa majira, ulikuwepo 2013, ukaja tena 2017, watu wakaondoka bila faini na bila kufungiwa. Wakati mwingine serikali yao inafungua dirisha fupi la kurekebisha karatasi, kwa hiyo kabla ya tarhil ulizia ubalozini kama kuna kitu kimefunguliwa sasa hivi, na ulizia ubalozi sio tiktok.

Miezi tatu yako nayo usiifute. Huko uliko ukiwa na huroob kudai ni ngumu, ila Nairobi ejensi haina huroob. Ejensi iliyosajiliwa na mamlaka ya ajira ya Kenya, hii NEA ya sheria ya 2016, iliweka dhamana ya fedha kabla haijaruhusiwa kutuma mtu. Mtumie mama au kaka yako mkataba wa Musaned, ule mfumo wa Saudia wa mtandaoni wa kuajiri watu wa kazi za ndani, na meseji zote ulizokuwa unamwandikia bosi kuulizia mshahara, aende NEA alalamike kwa maandishi apewe namba ya malalamiko. Na asiende kwa ejensi kwanza, watamkalisha kwenye benchi na soda mpaka jioni.

*Dada habari. Mimi ni mhasibu, CPA yangu ni ya NBAA (bodi ya wahasibu Tanzania), nina ofa ya kampuni binafsi Kigali mkataba wa miaka miwili. Jamaa zangu wanasema siku hizi Afrika Mashariki ni soko moja unaingia na kitambulisho tu unaanza kazi. Kuna ukweli? Na niangalie nini kwenye ofa? – Mhasibu, Dodoma*

Hongera kaka, ofa nzuri hiyo. Jamaa zako wamesikia nusu. Mambo ya kitambulisho walikubaliana Kenya, Uganda na Rwanda mwaka 2014 wao kwa wao, Tanzania hatukuingia, kwa hiyo beba paspoti na usibishane na mtu pale Rusumo. Na kusafiri sio kufanya kazi. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki ilianza Julai 2010 na ndani yake wafanyakazi wanaruhusiwa kuhama, ila kibali kipo pale pale. Ukishasaini mkataba unaozidi siku 90 una siku 15 za kazi kuomba kibali, wao wanatakiwa wajibu ndani ya siku 30, na cha kwanza hakizidi miaka miwili. Raha yake ni kwamba Rwanda walifuta ada ya kibali kwa raia wa jumuiya. Kazi za serikali hazimo, labda sheria za nchi yenyewe ziruhusu, ila wewe ni kampuni binafsi uko salama.

Fani yako ina bahati. Wahasibu walisaini makubaliano ya kutambuana tangu 2011, wasanifu majengo mwaka huo huo, wahandisi 2012, kwa hiyo NBAA wakuandikie barua uipeleke kwa bodi ya wahasibu ya Rwanda usajiliwe. Mwanasheria angeniuliza swali hili ningemjibu vingine kabisa.

Kwenye ofa uliza mshahara walioandika ni kabla ya makato au mkononi, maana kule kodi ya juu kwenye mshahara ni asilimia 30 na tangu Januari 2025 mchango wa pensheni umepanda kutoka 6 hadi asilimia 12, nusu yako nusu ya mwajiri. Na hapa ndo soko moja linapokwama, michango yako ya Kigali haihamii NSSF ya Dodoma. Kule pensheni ya kila mwezi inataka miaka 15 ya kuchangia, wewe una miwili. Kwa hiyo ule upande wako wa NSSF endelea kuchangia kwa hiari hata kidogo kidogo, mwombe mwajiri akuongezee kiasi hicho kwenye mshahara, na kwa kuwa we mhasibu hesabu yake utampigia mwenyewe atakosa la kusema. Kibali chako nacho kina jina la hiyo kampuni, ukigombana nao mwezi wa tano huwezi kuvuka barabara ukaanza kwa jirani siku ya pili, unaomba upya. Weka notisi ndefu.

*Mambo vipi dada, mi Mkenya wa Kiambu nimekaa Arusha miaka sita natengeneza simu, nimeoa Mtanzania tuko na watoto wawili. Tangu itoke ile amri ya Julai 2025 sina amani. Leseni yangu inaisha karibuni. Nikiandikisha duka kwa jina la bibi yangu si itakuwa sawa? – Fundi, Arusha*

Pole shemeji. Wasiojua, Julai 2025 waziri wa viwanda na biashara wa wakati huo, Selemani Jafo, alitoa amri ya kuwazuia wasio raia kufanya aina 15 za biashara. Kuna uwakala wa pesa kwa simu, saluni ambazo haziko hotelini, usafi, kuongoza watalii, uchimbaji mdogo, kununua mazao shambani, udalali, na ufundi wa simu na vifaa vya elektroniki umo. Ofisi za leseni haziruhusiwi kutoa wala kuhuisha. Mwenye leseni hai anaendelea mpaka iishe. Akikutwa baada ya hapo faini inaanzia milioni 10, au jela mpaka miezi sita, na kibali cha kuishi kinafutwa. Kenya walilalamika kwamba inakwenda kinyume na itifaki. Mi kwa maoni yangu kelele zilizoanzisha jambo hili zilikuwa za Kariakoo, watu wanalalamikia wageni kutoka mbali wanauza jumla na rejareja hadi barabarani, lakini amri ilipoandikwa ikasema asiye raia, basi, na fundi wa Kiambu aliyeoa Arusha akaingia kwenye neti moja na wenye makontena.

Sasa jina la mkeo. Inategemea unamaanisha nini. Mkeo ni raia, ana haki ya kufungua duka la ufundi wa simu kesho asubuhi. Likiwa lake kweli, leseni yake, TIN yake, hela zinaingia kwake, ameajiri kijana mwenye ujuzi na wewe unambeba tu mtoto nyuma ya kaunta, hakuna kosa. Lakini kama leseni ni yake na anayeshika bisibisi ni wewe, wateja wanakuita wewe, lipa namba ni yako, hapo mmeingia wote wawili. Amri ina kipengele cha Mtanzania anayemsaidia mgeni, faini milioni 5 au miezi mitatu. Mtalazwa wote ndani na hao watoto watapikiwa na nani.

Na usihesabu ndoa kama njia ya mkato. Sheria yetu ya uraia ya 1995 inampa nafuu mwanamke wa kigeni aliyeolewa na Mtanzania, mwanaume wa kigeni aliyeoa Mtanzania haimpi, anapanga foleni ya tajnisi, yani kuomba uraia, kama mgeni mwingine yeyote. Upande mmoja tu, ndio, nami sijawahi kuona sababu yake ya maana. Na ukija kuupata lazima uachie wa Kenya maana uraia pacha hatuna.

Naona njia mbili ambazo hazikuchomi. Moja ni kuajiriwa kwa ujuzi, tafuta chuo cha ufundi cha binafsi kinachofundisha simu, wao wakuombee kibali cha kazi kama mwalimu. Kamishna wa kazi atauliza kwanini asifundishe Mtanzania na miaka yako ya kazi ndo jibu lake, ingawa sikuahidi. Ya pili utaichukia, Namanga. Kama kilomita 110 kutoka Arusha, upande wa Kenya unafungua kibanda chako kwa jina lako, wateja wa mpakani ni wa nchi zote mbili, familia unarudi wikiendi kwa kibali chako cha mtegemezi kama unacho. Mkeo na duka lake Arusha akikupelekea bodi zilizomshinda kijana wake uzitengeneze ukiwa Namanga, sijaona sheria inayokataza bisibisi iliyoko Kenya. Ila nenda kamwone mwanasheria kabla leseni haijaisha, baada ya hapo mazungumzo yatakuwa ya aina nyingine.

*Mimi Mganda Kiswahili changu si kizuri sana mtanisamehe. Napika kwa hoteli Juba. Kontrakti iliandika dola 500 lakini wananilipa pauni za hapa na kwa reti yao ya ofisi, nikienda badilisha inakuja chini sana. Nifanye namna gani? – Mpishi, Juba*

Kiswahili chako kizuri ndugu yangu, tumekuelewa wote. Shida yako ni kwamba pauni ya Sudan Kusini tangu ilipoachiwa ielee Disemba 2015 imekuwa ikishuka tu, kwa hiyo mwajiri anayekulipa kwa reti ya zamani anajipunguzia mshahara wako kila mwezi bila kukwambia neno. Usidai dola, wengi Juba hawana au watasema hawana. Dai sentensi moja iongezwe kwenye mkataba, kwamba ukilipwa kwa pauni iwe kwa reti ya benki ya siku hiyo hiyo ya malipo. Ni vigumu bosi kulikataa hilo mbele ya wenzako. Hela ukiipata usilale nayo, nunua dola au tuma Uganda siku ile ile. Sudan Kusini wako kwenye jumuiya tangu 2016 ila hilo halitakusaidia kwenye reti.

*Anti kuna ejenti Dar anauza COS (hati ya udhamini ya mwajiri) ya kazi ya kea, kuhudumia wazee na wagonjwa, Uingereza milioni 18, anasema ikifika mwisho wa mwezi inapanda. Niuze kiwanja? – Msomaji, Kimara*

Usiuze. Uingereza wamefunga kuajiri makea wapya kutoka nje tangu 22 Julai 2025. Anachokuuzia hakipo. Na hata kilipokuwepo, ile hati mwajiri haruhusiwi kumuuzia mfanyakazi, kwa hiyo kila aliyewahi kuuziwa aliuziwa kinyume cha sheria, hata wale walioingia salama wakapiga picha na theluji.

*Mwanangu kamaliza diploma ya kompyuta hana kazi. Kapata kazi Thailand kwa mtandao, kuhudumia wateja, dola 1,200, tiketi wanatuma wao, interviu ilikuwa ya whatsapp dakika kumi. Amefurahi sana. Mimi mzee wake sijui kompyuta lakini naona kama bei imezidi. – Baba, Mbeya*

Shikamoo mzee wangu. Umeona sawasawa. Hii nakuomba umzuie kwa nguvu zote ulizonazo, ukiweza ficha paspoti.

Vijana wa Kenya, Uganda, Ethiopia na hapa kwetu wamepitishwa njia hiyo. Wanatua Bangkok, wanapakiwa kwenye gari wanaambiwa ofisi iko mkoani, wanaendeshwa masaa mpaka Mae Sot mpakani, wanavushwa mto Moei usiku na kujikuta Myawaddy, Myanmar, kwenye majengo yenye kuta na walinzi wa bunduki. Kazi yenyewe ni kukaa kwenye kompyuta na kuwatapeli watu wa Ulaya na Marekani kwa mapenzi ya uongo na sarafu za mtandaoni. Asiyefikisha kiwango anapigwa. Anayetaka kuondoka anaambiwa familia ilipe maelfu ya dola. Serikali ya Kenya ilishaanza kutoa tahadhari 2022, na mwanzoni mwa 2025 maelfu ya watu wa mataifa mengi walitolewa huko, wengine walikaa kambini wiki na wiki wakisubiri tiketi za kurudi kwao.

Mwambie kijana awajibu hao watu meseji moja tu, kwamba anaomba watume nakala ya viza ya kazi ya Thailand yenye jina la kampuni na namba ya usajili wake, ataipeleka ubalozini kwao ikahakikiwe kabla ya kupokea tiketi. Watasema ofisi iko bize, watasema viza anapewa uwanja wa ndege, au watamblok. Yeye mwenyewe ataona. Na diploma yake mzee usiidharau, aandae CV yake nimuangalizie, nitumie kwa namba ile ile uliyoniandikia.